KUTA ZA YERIKO NA MFEREJI WA HEZEKIA
Wachimbuzi walipouliza ardhi, ardhi ilijibu nini?

Watu wengi huuliza swali moja lililo rahisi kutamka na gumu kujibu: je, yale yaliyoandikwa katika Biblia juu ya miji, wafalme na vita vya zamani yaweza kuonekana katika ardhi yenyewe? Wako wanaojibu mara moja kwamba mambo yote yamekwisha kuthibitishwa na wataalamu. Wako na wengine wanaojibu upesi vile vile kwamba hakuna hata jambo moja lililothibitishwa. Wote hao, mara nyingi, hawajapata kushika jembe wala kusoma habari za waliolishika.

Ukweli ni kwamba ardhi haijibu maswali yote kwa namna moja. Mahali pengine imesema ndiyo, mahali pengine imesema siyo, na mahali pengi imenyamaza kabisa. Yafaa msomaji ajue jinsi majibu hayo yanavyopatikana, maana bila ya kujua njia yenyewe hawezi kupambanua kati ya habari ya kweli na ile ya kubuni. Hapa zitasimuliwa habari za mahali pawili. Pa kwanza ni Yeriko, na pa pili ni Yerusalemu.

KILIMA KILICHO MJI

Hadithi ya Yeriko yajulikana sana. Kitabu cha Yoshua chaeleza kwamba Waisraeli waliuzunguka mji huo mara moja kila siku kwa siku sita, na siku ya saba wakauzunguka mara saba. Makuhani wakapiga tarumbeta za pembe za kondoo, watu wakapiga kelele, ukuta ukaanguka, na mji ukateketezwa kwa moto.

Yeriko uko katika bonde la mto Yordani, chini ya usawa wa bahari kwa zaidi ya futi 800. Ni mahali pa joto kali, na pasingalikaa mtu lau si chemchemi kubwa inayobubujika maji mwaka mzima. Karibu na chemchemi hiyo kuna kilima kiitwacho Tell es-Sultan. Mgeni akikitazama hudhani ni kilima cha asili, kumbe ni mji. Kimo chake ni futi 70 hivi, na sehemu kubwa ya kimo hicho ni kazi ya mikono ya watu.

Nyumba za huko zilijengwa kwa matofali ya udongo yaliyokaushwa kwa jua. Nyumba ya namna hiyo, kama ajuavyo kila mtu aliyejenga kwa udongo, ikiachwa bila paa kwa misimu michache ya mvua huyeyuka na kurudi kuwa udongo. Watu wa kale hawakujisumbua kuzoa kifusi. Walikisawazisha wakajenga juu yake. Moto ulipouteketeza mji, au tetemeko la ardhi lilipouangusha, waliorudi walifanya vivyo hivyo. Baada ya maelfu ya miaka, mji wa mwisho ukawa umekaa juu ya migongo ya miji mingine mingi, tabaka juu ya tabaka. Hata jaa la takataka lililo nyuma ya nyumba hufuata kanuni hiyo: kilichotupwa mwaka jana kiko chini ya kilichotupwa jana.

Basi kazi ya mchimbuzi ni kuyasoma matabaka hayo kama mtu afunuavyo kitabu kuanzia ukurasa wa mwisho. Msaada wake mkubwa ni vigae. Chungu huvunjika upesi, lakini kigae hakiozi, wala hakuna mtu anayekiiba. Tena mitindo ya vyungu hubadilika: mdomo wake, shingo yake, rangi yake na mapambo yake. Mtaalamu aliyezoea huweza kukitazama kipande kidogo kama kiganja akasema ni cha wakati gani. Njia hiyo ndiyo iliyotumika hata katika pwani ya Kenya, huko Gedi, ambako Bwana James Kirkman alianza kazi mwaka 1948 na kukadiria umri wa nyumba na misikiti kwa msaada wa vigae vilivyoletwa kutoka China na nchi nyingine za ng'ambo.

GARSTANG NA FURAHA YAKE

Mtu wa kwanza kuchimba Yeriko kwa nia ya elimu alikuwa Charles Warren, afisa wa jeshi la Uingereza, mwaka 1868. Alichimba mashimo marefu ya kwenda chini, akaona matofali na vigae, akaondoka akidhani hapana jambo kubwa. Wajerumani wawili, Ernst Sellin na Carl Watzinger, walichimba kati ya mwaka 1907 na 1911. Watzinger baadaye aliandika kwamba kwa maoni yake Yeriko haukuwa na watu wakati wa Yoshua. Neno hilo halikuwapendeza wengi.

Ndipo akaja Profesa John Garstang, Mwingereza, aliyechimba tangu mwaka 1930 hata 1936. Aliona kuta mbili za matofali zilizokwenda sambamba, zimeanguka, na karibu nazo alama za moto mkali. Katika makaburi ya mji aliona mihuri midogo ya Misri yenye umbo la mende, iliyochorwa majina ya mafarao, na farao wa mwisho katika majina hayo alikuwa Amenhotepu wa Tatu, aliyetawala mwanzoni mwa karne ya 14 Kabla ya Kristo (K.K.). Garstang akakata shauri kwamba mji ulianguka kadiri ya mwaka 1400 K.K., na kwamba kuta alizoziona ndizo zilizoanguka mbele ya Yoshua.

Habari hizo zilienea duniani kote. Magazeti yaliziandika, wahubiri walizisema, na vitabu vya shule vilizichapisha pamoja na picha. Hata leo, karibu miaka mia moja baadaye, wako watu wanaozisimulia kama kwamba hakuna lililotokea tangu hapo.

BIBI KENYON AANZA UPYA

Mwaka 1952 mwanamke wa Kiingereza, Bibi Kathleen Kenyon, alikwenda Yeriko kuchimba tena. Msomaji wa Afrika yafaa amjue, kwa maana kazi yake ya kwanza aliifanya barani humu. Mwaka 1929, alipokuwa kijana, alifuatana na Bibi Gertrude Caton-Thompson kwenda kuchimba katika maboma ya Zimbabwe Kuu, naye akawa mpiga picha wa msafara. Wakati huo Wazungu wengi walishikilia kwamba maboma yale ya mawe hayawezi kuwa kazi ya Waafrika. Walisema ni ya Wafoinike, au ya malkia wa Sheba. Msafara ule ulichimba kwa uangalifu, ukaona kwamba waliojenga walikuwa Waafrika. Hivyo Bibi Kenyon alijifunza mapema kwamba dhana inayopendwa na wengi yaweza kupinduliwa na tabaka moja la udongo.

Wala hakuwa adui wa Biblia. Baba yake, Sir Frederic Kenyon, alikuwa mkuu wa Jumba la Makumbusho la Uingereza na bingwa wa maandiko ya kale ya Biblia, na yeye mwenyewe alikuwa Mkristo. Tena Garstang mwenyewe alikuwa amemwomba avipitie upya vigae vya Yeriko. Hakwenda kubomoa. Alikwenda kutazama.

Tofauti kati yake na waliomtangulia ilikuwa katika namna ya kuchimba. Wao walifuata ukuta: waliouona waliufukua kwa urefu wake wote, na udongo uliougusa ukatupwa. Bibi Kenyon alikata mahandaki membamba ya kwenda chini sana, akaziacha pande zake zisimame wima kama kuta, ili kila tabaka lionekane kwa macho na kuchorwa katika karatasi. Hapana kigae kilichookotwa bila kuandikiwa tabaka lake. Wafanyakazi wake, wengi wao wakimbizi wa Kipalestina kutoka kambi za karibu, walijifunza kutofautisha udongo na udongo kwa rangi na ugumu, hata wengine wakawa mafundi hodari.

Alipofika kwenye kuta za Garstang aliona mambo mawili. Kwanza, zile kuta mbili hazikuwa za wakati mmoja. Moja ilikuwa imekwisha kufa kabla ya nyingine kujengwa. Pili, zote zilikuwa za zamani mno. Vigae vilivyolala katika matabaka yake vilikuwa vya miaka ya kabla ya 2000 K.K., yaani zilianguka karibu miaka elfu moja kabla ya wakati wowote unaoweza kuwa wa Yoshua. Watu wa enzi ile walikuwa wamezijenga na kuzitengeneza upya mara 17 hivi, pengine kwa sababu ya maadui, na pengine kwa sababu ya matetemeko ambayo ni mengi katika bonde lile.

Mtu ataweza kuuliza, Garstang, aliyekuwa mtu wa elimu, alikoseaje? Jibu ni mvua. Kilima kilipoachwa bila watu, maji ya mvua kwa karne nyingi yaliyachukua matabaka ya juu na kuyashusha chini, hata kuta za zamani sana zikabaki karibu na uso wa ardhi, kana kwamba ni za mwisho. Garstang alikuta ukuta karibu na uso wa ardhi akaufanya kuwa wa mwisho. Yeyote aliyeona shamba la mteremko baada ya masika makubwa aweza kuelewa jinsi mvua inavyodanganya.

Bibi Kenyon aliona pia kwamba mji mwingine, uliokuwa na boma imara, uliteketea kwa moto kadiri ya mwaka 1550 K.K. Baada ya moto huo kilima kilikaa karibu kitupu. Cha miaka ya 1300 hivi K.K. alichokipata ni kipande cha sakafu, jiko dogo la udongo la kuokea mkate, na chombo kimoja kidogo kimelala kando yake, kana kwamba mama wa nyumba ametoka kidogo tu. Ukuta wa mji wa wakati huo hakuuona. Alikubali kwamba pengine mvua ilichukua mengi, lakini hakutaka kusema ameona asichokiona.

SWALI LA TAREHE

Wengine walijaribu kulitengeneza neno kwa kuihamisha tarehe. Kitabu cha Kwanza cha Wafalme chasema kwamba Sulemani alianza kuijenga nyumba ya Bwana katika mwaka wa 480 baada ya Waisraeli kutoka Misri. Kwa hesabu hiyo Yoshua angefika Yeriko kadiri ya mwaka 1400 K.K. Wataalamu wengi lakini huona kwamba kama walikuja, walikuja katika karne ya 13 K.K. Husema hivyo kwa ajili ya jiwe la Farao Merenpta, lililopatikana na Flinders Petrie huko Thebes, Misri, mwaka 1896. Jiwe hilo lilichorwa kadiri ya mwaka 1208 K.K., nalo lawataja Israeli kuwa ni watu walioko katika nchi ya Kanaani. Hakuna maandishi mengine yanayokubaliwa na wote, nje ya Biblia, yaliyo ya zamani zaidi yenye jina hilo. Lakini chagua karne ya 15 au ya 13, ugumu ni ule ule: katika Yeriko haujapatikana ukuta mkubwa wa mojawapo ya nyakati hizo.

Mwaka 1990 mtaalamu mmoja wa Marekani, Bryant Wood, alirudi kwenye vigae akasema kwamba Bibi Kenyon ndiye aliyekosea, na kwamba mji ule ulioteketea haukuteketea mwaka 1550 bali 1400 K.K. Hoja yake haikuwa ya kupuuzwa. Katika mji huo uliochomwa ilikuwamo mitungi iliyojaa nafaka iliyoungua. Mji unaozingirwa muda mrefu hula nafaka yake yote. Basi huu ulianguka upesi, tena karibu baada ya mavuno, na hivyo ndivyo Kitabu cha Yoshua kinavyosimulia.

Kwa bahati nzuri nafaka ile ile iliweza kuulizwa yenyewe. Mwaka 1949 Profesa Willard Libby wa Chicago, pamoja na wenzake, walionyesha njia ya kupima umri wa vitu vilivyokuwa hai, na kwa kazi hiyo Libby alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1960. Maelezo yake kwa kifupi ni haya. Hewani mna kaboni ya namna ya pekee, kidogo sana, isiyodumu. Mimea huivuta, nao wanyama na watu huipata kwa kula. Kiumbe akifa haingizi tena, na ile aliyo nayo huanza kupungua kwa mwendo usiobadilika. Baada ya miaka 5,730 hubaki nusu yake. Basi akipima iliyobaki, mtaalamu hujua mmea ulikufa lini. Punje ya ngano hufaa kuliko boriti ya nyumba, kwa sababu mti waweza kukatwa na kutumika tena na tena kwa miaka mia, lakini ngano ni ya msimu mmoja.

Mwaka 1995 wataalamu wawili, Hendrik Bruins na Johannes van der Plicht, walitangaza vipimo vya nafaka na makaa ya Yeriko. Majibu yalionyesha karne ya 16 K.K., au pengine mwisho wa karne ya 17. Hayakuonyesha mwaka 1400. Ngano ilikuwa upande wa Bibi Kenyon, ambaye alikuwa amefariki mwaka 1978.

Mabishano hayakuisha kabisa, na wachimbuzi wa Italia na wa Palestina waliendelea kufanya kazi kilimani tangu mwaka 1997. Lakini mtu asemaye leo kwamba ukuta wa Yoshua umeonekana, asema lisilokuwapo. Lililoonekana badala yake ni la ajabu kwa njia nyingine: chini kabisa ya kilima Bibi Kenyon alifikia mnara wa mawe wenye kimo cha futi 28 na ngazi ndani yake, uliojengwa kadiri ya mwaka 8000 K.K., kabla watu wa huko hawajajua hata kufinyanga chungu. Kwa ajili ya mambo ya kale kama hayo, mwaka 2023 kilima kiliandikwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia.

Yafaa kutaja hapa watu wa namna nyingine, wale wanaokwenda kutafuta ushahidi wakiwa tayari wameubeba mfukoni. Mwaka 1955 Mfaransa Fernand Navarra alishuka kutoka mlima Ararati na kipande cha ubao, akasema ni cha safina ya Nuhu. Maabara mbalimbali zilipoupima kwa njia ya kaboni, ziliona kwamba mti wake ulikatwa karne kadhaa baada ya Kristo. Hata hivyo ubao huo bado unasimuliwa.

MFALME ALIYEFUNGIWA KAMA NDEGE

Sasa tuelekee Yerusalemu, na tushuke miaka kama mia saba au zaidi. Mwaka 701 K.K. Senakeribu, mfalme wa Ashuru, aliivamia nchi ya Yuda, na mfalme wa Yuda alikuwa Hezekia. Vita hivi vimesimuliwa katika Kitabu cha Pili cha Wafalme na katika Isaya. Tofauti na Yeriko, hapa adui naye aliandika habari zake.

Katika magofu ya Ninawi ilipatikana mwaka 1830 nguzo ndogo ya udongo wa kuchoma yenye pande sita, iliyojaa maandishi ya Kiashuri. Sasa iko London katika Jumba la Makumbusho la Uingereza. Humo Senakeribu ajisifu kwamba aliteka miji 46 ya Yuda, na kwamba alimfungia Hezekia katika Yerusalemu kama ndege tunduni. Ataja kodi aliyotozwa Hezekia: talanta 30 za dhahabu. Biblia yataja talanta 30 za dhahabu vile vile. Kwa fedha hawapatani. Biblia yasema talanta 300, Senakeribu 800. Wafalme washindi hawajulikani kwa kupunguza hesabu.

Kuta za jumba lake la Ninawi zilikuwa na picha za mawe zionyeshazo kutekwa kwa mji wa Lakishi. Huko Lakishi kwenyewe, wachimbuzi wameona njia ya mteremko iliyojengwa na Waashuri kwa mawe ili kupandia ukuta, pamoja na vyembe vingi vya mishale. Picha na ardhi vyapatana.

Katika habari hizo hizo Biblia yamtaja Mwafrika, Tirhaka mfalme wa Kushi, aliyetoka kupigana na Senakeribu. Huyo ndiye Taharka, aliyeitawala Misri pamoja na nchi yake mwenyewe, ambayo leo ni Sudani. Kaburi lake, piramidi iliyo kubwa kuliko zote za Nuri karibu na mto Naili, lilifukuliwa na George Reisner wakati wa Vita Kuu ya Kwanza, na ndani yake vilipatikana vinyago zaidi ya 1,000 vya mawe vya kumtumikia mfalme ahera. Iko shida moja: Taharka alianza kutawala kadiri ya mwaka 690 K.K., miaka 11 baada ya vita. Huenda mwandishi wa Biblia alimwita kwa cheo alichokipata baadaye, kama watu wasemavyo hata leo kwamba rais fulani alizaliwa kijiji fulani.

Je, usiku ule ambao Biblia yasema malaika aliwapiga Waashuri 185,000? Hapo ardhi imenyamaza. Senakeribu hasemi kwamba aliingia Yerusalemu, naye si mtu ambaye angesahau kusema. Myunani Herodoto, aliyeandika karne mbili na zaidi baadaye, alisikia Misri kwamba jeshi la Senakeribu lilishindwa kwa sababu panya waliguguna nyuzi za pinde usiku. Kwamba mji haukutekwa, wote wanakubali. Kwa nini haukutekwa, jembe haliwezi kusema.

SAUTI NDANI YA MWAMBA

Biblia yaongeza jambo dogo ambalo msomaji wa haraka huliruka: kwamba Hezekia alitengeneza birika na mfereji, akaleta maji ndani ya mji. Chemchemi ya Gihoni, iliyokuwa tegemeo la Yerusalemu, ilikuwa bondeni, mahali ambapo adui angeweza kuikalia.

Mfereji uko. Umepasuliwa ndani ya mwamba, chini kwa chini, kutoka Gihoni hata birika la Siloamu, urefu wake futi 1,750 hivi, ingawa kwa mstari ulionyoka umbali hauzidi sana futi 1,000. Unajipinda kama nyoka. Mmarekani Edward Robinson aliutambaa wote mwaka 1838. Mwaka 1880 kijana mmoja aliyekuwa akicheza majini aliona maandishi yaliyochorwa ukutani karibu na mwisho wake. Yalikuwa ya Kiebrania cha kale, nayo hayamsifu mfalme yeyote. Ni habari za wafanyakazi: kwamba makundi mawili yalichimba kutoka pande mbili, na zilipobaki dhiraa tatu kila kundi likasikia sauti za wenzao ndani ya mwamba, wakachimba kuelekeana, sururu kwa sururu, hata maji yakapita. Sakafu ya mfereji hushuka kama futi moja tu toka mwanzo hata mwisho. Walifanyaje hesabu hiyo gizani, mabingwa bado wanabishana.

Lakini jina la Hezekia halimo katika maandishi hayo. Kwa hiyo mwaka 1996 wataalamu wawili wa Uingereza waliandika kwamba mfereji si wake hata kidogo, bali ulichimbwa karne nyingi baadaye, karibu na wakati wa Wamakabayo. Wengi waliudhika, kama walivyoudhika kwa ajili ya Yeriko. Dawa haikuwa kuudhika. Mwaka 2003 wataalamu watatu, wakiongozwa na Amos Frumkin, walitangaza vipimo vyao. Sakafu ya mfereji ilipakwa lipu zamani, na ndani ya lipu hiyo mlinaswa vipande vya mimea. Walivipima kwa kaboni, njia ile ile iliyotumika kwa ngano ya Yeriko. Wakapima pia, kwa njia nyingine, mawe yaliyofanywa na matone ya maji darini baada ya mfereji kuchimbwa. Njia zote mbili zilipatana kwamba mfereji ni wa kadiri ya mwaka 700 K.K. Wako wanaoona kwamba huenda ulianzwa kabla ya Hezekia, lakini zile karne nyingi za baadaye zimeondoka.

Nguvu ya jibu hilo yatokana na hili: kipimo kingaliweza kusema siyo, kama kilivyosema Yeriko. Anayelipokea la mfereji hawezi kulikataa la ngano, wala anayelipokea la ngano hawezi kulikataa la mfereji.

Jiwe la maandishi lilikatwa na wezi miaka kumi hivi baada ya kuonekana, likavunjika. Lilipopatikana lilipelekwa Istanbul, na huko ndiko lilikowekwa. Mfereji wenyewe ungali na maji. Wageni huupita wakiwa na taa mikononi, mmoja nyuma ya mwingine, maji yakiwafika magotini na mahali pengine mapajani. Karibu na kati njia hupinda upande huu na upande huu, kama mtu anayesikiliza sauti asijue inatoka wapi, kisha hufika mahali ambapo alama za sururu ukutani zageuka ghafula na kuelekea upande wa pili. Hapo ndipo walipokutana.